Fort Worth au Bandera: wikendi ya kumbukumbu ya ndoa kwa makauboi wa Texas

Mdogo wangu na mumewe wanatimiza miaka 10 ya ndoa mwezi wa 10. Wanaishi Houston kama sisi, wana watoto watatu, na wamepata wikendi moja tu ambayo mama mkwe wake, aliyekuja kutembea, atabaki na watoto. Shemeji anataka makauboi. Amekulia Meatu akichunga ng'ombe wa baba yake, na tangu afike Texas wimbo wake ni mmoja: hawezi kurudi nyumbani bila kupanda farasi na kuwaona kwa macho wale ng'ombe wa pembe ndefu. Mdogo wangu yeye anataka kulala hadi saa tatu asubuhi bila mtu kumgongea mlango. Akanipigia: "Dada, wewe umefika kote. Twende wapi?"

Ni kweli nimefika kote. Fort Worth tulikwenda mimi na mume wangu mwaka wa tano wa ndoa yetu, Bandera mwaka wa tisa. Nilimjibu kwa simu hadi chaji ikaisha, kwa hiyo naandika hapa, maana najua wako wengine Dallas, Austin na San Antonio wanaojiuliza swali hilohilo.

Kwa mtu wa Houston umbali haumsaidii kuamua. Fort Worth ni kama kilomita 420, Bandera ni kama 400, na kote ni saa nne hivi za barabarani. Aliye Dallas yuko jirani na Fort Worth, na aliye San Antonio anafika Bandera kwa saa moja. Mimi naamua kwa swali jingine: mnataka mtoko, au mnataka utulivu? Fort Worth ni mtoko. Mnavaa, mnatembea mkono kwa mkono katikati ya watu, mnacheza muziki usiku. Bandera mnakaa barazani mnatazama giza likiingia, na mnaweza kukaa nusu saa bila kusemezana na hakuna aliyenuna.

Fort Worth: mnada uliogeuka mji wa starehe

Watu wa Fort Worth wenyewe huuita mji wao Cowtown, mji wa ng'ombe, na jina hilo wamelifanyia kazi. Baada ya vita ya wenyewe kwa wenyewe ya Marekani (1861–1865), Texas ilikuwa na ng'ombe wengi kuliko wanunuzi. Ng'ombe wa dola 4 Texas aliweza kuuzwa dola 40 kaskazini kwenye reli. Ndiyo maana vijana walipanda farasi wakawaswaga mamia ya kilomita hadi Kansas, na njia yao kubwa, Chisholm Trail, ilipita hapa. Reli ikaingia Fort Worth mwaka 1876. Mwanzoni mwa miaka ya 1900 kampuni za Swift na Armour zikajenga machinjio makubwa pembeni ya mazizi ya mnada, na eneo hilo ndilo linaloitwa Stockyards hadi leo.

Kila siku, saa tano na nusu asubuhi na saa kumi jioni, hali ya hewa ikiruhusu, makauboi wanapitisha kundi dogo la longhorn, wale ng'ombe wa pembe ndefu, kwenye barabara ya Exchange Avenue. Hulipi kitu. Utaratibu huu ulianza mwaka 1999. Fika mapema kidogo usimame karibu na ukingo wa barabara, kwa sababu kundi linapita kwa dakika chache tu. Pembe za dume mmoja zinaweza kuzidi mita 1.8 kutoka ncha hadi ncha, na anatembea nazo kwa madaha kama bibi harusi anayeogopa kukanyaga shela. Mume wangu aliwahesabu. Akaniegemea akaniambia kwa Kisukuma kwamba wale wote hawafiki hata idadi ya mahari yangu. Miaka mitano nilikuwa sijamsikia akiyataja yale mahari kwa sauti ile. Tulioana kwa ng'ombe sisi, wazee walikaa siku mbili wakijadiliana rangi na umri wao, na nilipowaona wale longhorn wakipita kati ya maduka ya buti nilielewa kwa nini shemeji yangu anakazania safari hii.

Ijumaa na Jumamosi usiku kuna rodeo, mashindano ya makauboi, ndani ya Cowtown Coliseum, jengo la mwaka 1908. Kama hujawahi kuona rodeo, jua kwamba kila mchezo ulitoka kwenye kazi halisi, au karibu yote. Kumfunga ndama kwa kamba ilikuwa njia ya kumkamata apigwe chapa au atibiwe. Mbio za kuzunguka mapipa matatu ni za wanawake, na farasi anakata kona akiwa ameinama hadi unahisi atalala. Kumkaa fahali sekunde 8 huku mkono mmoja uko hewani ni kitu ambacho hakuna mfugaji aliyewahi kukihitaji, na ndicho kinachowasimamisha watu kwenye viti. Mshike mwenzako mkono.

Kabla ya kuingia, tafuta sanamu ya Bill Pickett hapo nje. Huyu alizaliwa Texas mwaka 1870, mtoto wa watu waliokuwa watumwa, na ndiye aliyebuni mchezo wa kuruka kutoka kwenye farasi na kumwangusha maksai kwa kumkamata pembe. Yeye aliongeza la kwake: alimng'ata maksai mdomo wa juu, kama alivyowaona mbwa wa wafugaji wakifanya. Wanahistoria wengi wanakadiria kuwa kwenye zile safari za ng'ombe kauboi mmoja kati ya wanne alikuwa mtu mweusi. Wenye ng'ombe walipokwenda vitani, watumwa ndio waliobaki na mifugo, na walipopata uhuru mwaka 1865 ujuzi ule ukawa ajira. Wamexico nao walikuwa wameitangulia kazi hiyo tangu zamani, na neno rodeo lenyewe ni la Kihispania, lina maana ya kuwazunguka na kuwakusanya ng'ombe. Mjini humo humo kuna National Multicultural Western Heritage Museum, ambayo inaeleza habari za makauboi weusi, wa Kimexico na wa makabila ya asili, na pia National Cowgirl Museum kwa upande wa wanawake. Mkiwa na saa mbili za ziada, zipelekeni huko.

Usiku ni Billy Bob's Texas, ukumbi uliofunguliwa mwaka 1981 kwenye jengo lililowahi kuwa la mifugo. Ni mkubwa kiasi cha kupotezana: zaidi ya mita za mraba 9,000, na una uwanja wa ndani wa kupanda mafahali. Huko ndiko tulikojifunza dansi ya two-step: hatua mbili za haraka, mbili za taratibu, mnazunguka ukumbi mzima kinyume cha saa. Mwanamume anakwenda mbele, mwanamke anarudi nyuma. Inahitaji kuaminiana. Wazee wa Texas wa miaka 70 walitupita huku wamefumba macho.

Pa kulala papo pa aina mbili. Stockyards Hotel ni ya mwaka 1907, ina harufu ya mbao na ngozi, na majambazi mashuhuri Bonnie na Clyde waliwahi kulala humo. Hotel Drover ni ya mwaka 2021, ina bustani nyuma inayoshuka hadi kijito, na kwa wapenzi ndiyo nzuri zaidi, ila bei ya chumba wikendi mara nyingi hupita dola 300. Sisi hatukulala kwenye yoyote kati ya hizo. Tulichukua chumba cha bei ya chini kilichotazama barabara, na kelele za watu wakitoka baa hazikukoma hadi saa nane usiku. Ombeni chumba cha upande wa nyuma, kokote mtakakolala.

Faida moja ambayo watu wengi hawaijui: Fort Worth inawezekana bila gari. Treni ya TEXRail inatoka uwanja wa ndege wa DFW (Dallas Fort Worth), na kituo cha North Side kiko karibu na Stockyards kiasi cha kumalizia kwa teksi ya dakika chache. Anayekuja kwa ndege kutoka Minnesota au Ohio hana haja ya kukodi gari.

Bandera: farasi wawili na mto

Bandera haifiki wakazi 1,000. Ni makao makuu ya kaunti, lakini ukipepesa macho kwenye mteremko umeshaipita. Inajiita makao makuu ya makauboi duniani, na sababu ni kwamba miaka ya 1870 makundi ya ng'ombe yalikusanywa hapa kabla ya kushika njia ya Great Western Trail kuelekea kaskazini. Waya wa miba na reli vilipoua safari zile, wenye ranchi walibaki na farasi, vyumba na njaa. Mwaka 1920 familia moja ya hapo ikaanza kupokea wageni wa mjini majira ya joto, na wengine wakafuata. Hivyo ndivyo zilivyozaliwa ranchi za wageni za Bandera. Dixie Dude Ranch, kwa mfano, ilianza mwaka 1901 kama ranchi ya mifugo na ikafungulia wageni mwaka 1937.

Utaratibu wa ranchi hizi haufanani na hoteli. Unalipia kwa kila mtu kwa kila usiku, na ndani ya bei hiyo kuna kibanda cha kulala, chakula, na kwa kawaida kupanda farasi mara moja au mbili kwa siku. Bei hutofautiana na msimu, lakini tegemea dola mia na kitu hadi mia mbili na kitu kwa mtu mzima, na ranchi nyingi hudai angalau siku mbili. Ukijumlisha chakula na farasi ambavyo Fort Worth ungelipia kando, tofauti inapungua sana. Wekeni pembeni pia bahashishi ya wale vijana wanaotandika farasi.

Sisi tulikwenda Julai, na hilo lilikuwa kosa letu. Joto lilifika nyuzi 38, kwa hiyo tulipanda asubuhi tu. Lakini ile safari ya asubuhi bado ninayo. Farasi wangu alikuwa wa kijivu, mzee, hana papara. Njia inapita kati ya mialoni na miti ya mwerezi, juu ya mawe ya chokaa, halafu unashuka kijitoni farasi anywe. Mume wangu alikuwa mbele yangu, na nilimtazama mgongo wake kwa saa nzima. Nyumbani tunapishana mlangoni: mimi naingia kutoka zamu ya usiku, yeye anatoka. Sikumbuki mara ya mwisho nilikuwa nimemtazama kwa saa nzima.

Hapo lazima niseme na shemeji. Safari hizi za farasi ni za mwendo wa kutembea, farasi wanafuatana mmoja nyuma ya mwingine, kiongozi mbele. Anayetaka kukimbiza farasi aulize kabla ya kulipa. Na ng'ombe? Ranchi kadhaa zina longhorn wachache malishoni, lakini utakaa Bandera siku mbili na huenda ukaona kulungu wengi kuliko ng'ombe. Pembe kwa uhakika ziko Fort Worth, farasi kwa uhakika yuko Bandera. (Kama atapitia ranchi za Texas kwa jumla, awe macho: kuna wanaofuga ng'ombe wanaowaita Watusi. Ni ukoo wa Ankole, wa kwetu Maziwa Makuu, na chama cha kuwasajili kilianzishwa Marekani mwaka 1983. Mimi nilisimamisha gari nilipowaona.)

Mjini kwenyewe mtakula OST, mgahawa wa tangu 1921 ambao viti vyake vya kaunta ni matandiko ya farasi. Frontier Times Museum inaweza kuwachukua saa moja, imejaa vitu vya ajabu vilivyokusanywa na mwandishi wa habari wa zamani wa hapo. Usiku kuna Arkey Blue's Silver Dollar, baa ya chini ya ardhi kwenye barabara kuu, sakafu yake imemwagwa unga wa mbao ili buti ziteleze. Ni ndogo kuliko sebule za baadhi ya watu. Tulicheza humo two-step yetu ya Fort Worth pamoja na wenzi wengine watatu, basi. Kisha tukatoka nje, na nyota zilikuwa kama za Shinyanga, zimeshuka hadi juu ya mabati.

Mkitaka faragha zaidi ya ranchi, kodini kibanda kando ya mto Medina. Mtakosa farasi na chakula cha kuitiwa, lakini hakuna ratiba. Ranchi ina kengele. Kengele ya asubuhi hailii kwa sababu ya harusi yako, inalia kwa sababu mayai yameiva.

Chakula, kwa wasiokula nguruwe

Wengi wetu wa pwani, na Waadventista pia, wanahitaji kujua hili mapema. Chakula cha kauboi ni ng'ombe: steki, na kidari kilichobanikwa kwa moshi usiku kucha mpaka kinachanika kwa uma. Lakini nguruwe anajificha. Maharage karibu kila mahali hupikwa na vipande vyake, na asubuhi soseji na bekoni zinakaangwa kwenye bamba lilelile la mayai. Fort Worth mna mahali pengi pa kuchagua, wakiwemo Joe T. Garcia's, mgahawa wa Kimexico wa tangu 1935 wenye bustani kubwa yenye maua, na kwa chakula cha jioni cha wapenzi ningewapeleka hapo kabla ya steki yoyote. Nyama ya halali mtaipata Fort Worth mkitoka kidogo nje ya Stockyards. Bandera hali ni ngumu zaidi, jiko ni moja. Pigeni simu ranchi wiki moja kabla, waelezeni, na watawatengea. Sisi tulikuwa na wenzetu Waislamu kutoka Tanga, wakapikiwa samaki siku zote mbili na hakuna aliyelalamika.

Na pombe: usiku wa Fort Worth umejengwa kuizunguka. Mnaweza kunywa soda mkacheza hadi mwisho, lakini mtakuwa katikati ya wanywaji. Ranchi usiku ni moto wa kuni, gitaa, na watoto wa wageni wakikimbia.

Rangi yetu

Nimeulizwa hili na kila niliyemsimulia. Stockyards Jumamosi ina watu wa kila rangi, na makauboi weusi wamo, wanaofuga na kushindana kweli. Mwezi wa kwanza, wakati wa maonyesho makubwa ya mifugo ya Fort Worth Stock Show, huwa kuna rodeo ya makauboi wa rangi zote siku ya Martin Luther King. Bandera ni tofauti. Siku zote mbili tulikuwa weusi peke yetu, ukiwaondoa wenzetu wa Tanga. Watu waligusa kofia na kutusalimu, mzee mmoja alimfundisha mume wangu kukunja kamba kwa saa nzima, na nilipomweleza kwamba kwetu mwanamke huolewa kwa ng'ombe aliuliza maswali ya mfugaji: wa umri gani, majike mangapi. Hakuna aliyetukosea. Lakini kutazamwa kupo, na kama mmoja wenu hapendi kutazamwa siku ya furaha yake, hiyo ni sababu tosha ya kuchagua Fort Worth.

Lini

Mwezi wa 10 na wa 11 ni wakati mzuri wa kote kuwili. Machi mwishoni hadi katikati ya Aprili maua ya buluu ya bluebonnet yanafunika kando za barabara za kwenda Bandera, na hapo mwendo wenyewe ni zawadi. Januari Fort Worth ina ile Stock Show, wiki tatu za rodeo, vyumba hujaa mapema. Januari hiyohiyo Bandera ina vumbi la maua ya mwerezi linalowatoa watu machozi na mafua, mwenye pumu akae mbali. Na majira ya mvua msidharau mito ya huko milimani. Julai 4, 2025 mto Guadalupe, katika kaunti jirani ya Kerr, ulipanda usiku na kuua zaidi ya watu 100. Kibanda cha kando ya mto ni kizuri, ila uliza kiko juu kiasi gani, na acheni tahadhari za simu zikiwa zimewashwa usiku.

Mizigo: suruali ndefu ya jinzi na kiatu chenye kisigino kidogo ili mguu usipenye kwenye kikuku cha tandiko. Buti za kununua Stockyards ni nzuri mno, M.L. Leddy's wanashona kwa vipimo vya mguu wako, lakini usinunue buti mpya asubuhi ukapanda farasi mchana. Na uzito: ranchi nyingi zina kikomo, mara nyingi karibu na kilo 110. Semeni ukweli kwenye simu, farasi naye ana mgongo.

Kwa mdogo wangu na shemeji, basi. Kama wangekuwa na usiku mmoja, ningesema Fort Worth bila kufikiri: Ijumaa rodeo, Jumamosi kundi la saa tano na nusu, nyumbani jioni. Kama hawana gari la kuaminika, vilevile. Kama wanataka kuvaa na kuonekana, vilevile. Lakini wana usiku wa Ijumaa na wa Jumamosi, na hawa ni watu ambao miaka mitatu sasa hawajawahi kumaliza sentensi bila mtoto kuingia kati. Nimewaambia Bandera. Shemeji atapata farasi, pembe atazifuata Fort Worth siku nyingine na watoto, nao watazifurahia kuliko sisi. Jumamosi wapande wote wawili asubuhi. Jumapili shemeji apande peke yake kama anataka, mdogo wangu alale.

Mdogo wangu amekubali, ameshalipa. Jana usiku alinitumia ujumbe akiwa na swali moja tu: hiyo kengele hulia saa ngapi? Kwetu ililia saa mbili na nusu. Nimeongea na shemeji. Amesema asubuhi hiyo ataondoka kibandani amebeba viatu mkononi, na atamrudia na kikombe cha chai.